Urefu si Kipimo Pekee: Milima ya Tanzania na Nasaba Zake Mbili

1.0 Utangulizi

Wahenga walinena kuwa milima haikutani, binadamu hukutana. Methali hii hutolewa kuwaonya watu wasitendeane uovu kwa kudhani kwamba hawataonana tena. Hata hivyo, msafiri atokaye Voi kuelekea Moshi kwa njia ya Taveta ana haki ya kuitilia shaka sehemu ya kwanza ya usemi huo. Avukapo mpaka na kuingia Tanzania, upande wake wa kushoto huiona milima ya Upare, yenye migongo mirefu iliyopindapinda. Mbele yake, kuelekea kulia, umesimama Kilimanjaro, na mawingu yakiruhusu, barafu ya kileleni huonekana. Kati ya milima hiyo pana tambarare ambayo gari huivuka kwa muda mfupi. Kwa macho, ni majirani. Kwa umri, ni kama kikongwe na mtoto mchanga: miamba ya Upare iliumbika katika vina vya dunia zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, ilhali Kilimanjaro ulianza kujengwa na moto wa ardhini yapata miaka milioni mbili na nusu tu iliyopita.

Tanzania ni nchi kubwa. Eneo lake, pamoja na maziwa, ni takribani kilomita za mraba 945,000, yaani zaidi ya mara moja na nusu ya eneo la Kenya. Katika nchi kubwa kiasi hicho, mafunzo ya milima aghalabu huishia kwenye orodha ya vilele na urefu wake, na orodha yenyewe huanza na Kilimanjaro na karibu kuishia papo hapo. Makala haya yanadhamiria kuonyesha kwamba milima mingi mashuhuri ya Tanzania inaweza kugawanywa katika nasaba mbili: nasaba changa ya volkano na nasaba kongwe ya miamba iliyoinuliwa. Nasaba ya kwanza ndiyo yenye vilele virefu na sifa zilizovuma duniani. Nasaba ya pili ni fupi kwa kimo, lakini sehemu kubwa ya uhai wa nchi huitegemea. Hoja inayotetewa hapa ni kwamba urefu peke yake haumwelezi msomaji thamani ya mlima, na kwamba majina ya milima yenyewe, yakichunguzwa kwa jicho la mwanaisimu, huishuhudia hoja hiyo.

2.0 Nasaba ya Moto

Bonde la Ufa, ambalo wasomaji wa Kenya wanalijua kuanzia Turkana hadi Magadi, halikomi mpakani. Huendelea kusini hadi kaskazini ya Tanzania, ambako hutawanyika katika nyufa nyingi. Gamba la dunia likipasuka na kutanuka, miamba iliyoyeyuka hupata njia ya kupanda juu. Miamba hiyo ikifika usoni mwa ardhi huitwa zaha au lava, na ikirundikana kwa maelfu ya miaka hujenga mlima. Hiyo ndiyo asili ya vilele vya kaskazini.

Kilimanjaro, wenye kimo cha mita 5,895 kwa kipimo kilichozoeleka vitabuni, ndio mlima mrefu kuliko yote barani Afrika. Vipimo vya setilaiti vilivyofanywa tangu mwaka 1999 vimeonyesha kwamba kimo hicho kinapungua kwa mita chache, ingawa tarakimu ya zamani ndiyo inayoendelea kufundishwa. Kilimanjaro si mlima mmoja bali ni volkano tatu zilizoshikana. Shira, iliyo magharibi, ndiyo ya kale zaidi. Ilizama na kubaki uwanda. Mawenzi, wenye mita 5,149, uko mashariki, nao umechongwa na mmomonyoko hadi ukabaki magenge makali. Kati yao umesimama Kibo, mdogo kwa umri na mrefu kwa kimo. Kibo umelala, haujafa: ndani ya kasoko yake, yaani shimo la kileleni, bado hutoka mvuke na harufu ya salfa. Wachaga wana simulizi isemayo kwamba Mawenzi alizoea kumwendea Kibo kuomba moto, hadi siku moja Kibo akachoka na kumpiga, na ndiyo maana kichwa chake kimejaa mapengo. Mwanajiolojia atakuwa na maelezo mengine, lakini hatapinga kwamba Mawenzi umezimika kitambo na kwamba moto uliosalia uko kwa Kibo.

Kusini-magharibi ya Kilimanjaro uko Mlima Meru, ambao haupaswi kuchanganywa na Meru ya Kenya. Kimo chake ni mita 4,562, nao ni wa pili kwa urefu nchini Tanzania. Atazamaye kutoka mashariki huona kwamba ubavu mmoja haupo. Maelfu ya miaka iliyopita upande huo uliporomoka, na vifusi vyake vikatapakaa hadi mbali. Maziwa ya Momella yamekaa katika mabonde ya vifusi hivyo. Mlipuko wake mdogo wa mwisho ulitokea mwaka 1910. Udongo wa Meru una rutuba, lakini miamba yake ina floridi nyingi inayoyeyuka majini, na kwa sababu hiyo wakazi wengi wa maeneo yanayouzunguka wana meno yenye madoa ya kahawia. Neema na dhara hutoka katika jiwe lile lile.

Magharibi zaidi hupatikana Nyanda za Juu za Kasoko. Mashuhuri miongoni mwa kasoko hizo ni Ngorongoro, volkano ambayo paa lake lilididimia zaidi ya miaka milioni mbili iliyopita na kuacha bakuli lenye kina cha mita 600 hivi na sakafu ya takribani kilomita za mraba 260. Kaskazini yake, karibu na Ziwa Natron, umesimama Ol Doinyo Lengai. Mlima huu haufikii mita 3,000, lakini hauna mwenzake duniani: ndio volkano pekee hai inayotoa lava ya kabonati yenye sodiamu nyingi. Lava hiyo ina joto la nyuzi 500 hadi 600 za Selsiasi, takribani nusu ya joto la lava ya kawaida. Hutiririka ikiwa nyeusi kama tope, na baada ya kugusana na unyevu wa hewa hugeuka kuwa nyeupe. Miongoni mwa milipuko yake mikubwa ni ile ya mwaka 1917, 1940, 1966 na 2007.

Hanang, wenye zaidi ya mita 3,400, umejitenga upande wa kusini katika mkoa wa Manyara. Mbali zaidi, penye makutano ya matawi ya Bonde la Ufa karibu na mji wa Mbeya, nasaba ya moto hujitokeza tena kupitia Mlima Rungwe, wenye takribani mita 2,960, na Ngozi, ambao kasoko yake imejaa maji na kuwa ziwa.

3.0 Nasaba ya Kale

Ramani ikitazamwa kwa makini, huonekana mlolongo wa milima uliojipinda kama upinde kutoka Vilima vya Taita nchini Kenya hadi kusini ya kati ya Tanzania. Wataalamu huuita Tao la Mashariki. Kutoka Taita, tao hilo hupita Upare Kaskazini na Upare Kusini, Usambara Magharibi na Usambara Mashariki, Nguu, Nguru, Ukaguru, Uluguru, Rubeho na Udzungwa, kisha humalizikia Mahenge. Hii si volkano. Ni mapande ya gamba la dunia yaliyoinuliwa kati ya nyufa, huku ardhi ya kando yakibaki chini. Miamba yake ni migumu na ya kale mno, na kuinuka kwake kulianza angalau miaka milioni 30 iliyopita, kabla Kilimanjaro haujakuwapo hata kidogo.

Kwa kimo, nasaba hii haina cha kujivunia mbele ya Kibo. Kilele cha Vuria huko Taita kina mita 2,208. Shengena, katika Upare Kusini, kina zaidi ya mita 2,400. Kimhandu cha Uluguru kimepita mita 2,600 kidogo, na Luhombero cha Udzungwa kimepita 2,500. Hakuna hata kimoja kinachofika nusu ya Kilimanjaro.

Hata hivyo, milima hii ina mambo mawili makubwa: umri, na pepo za Bahari ya Hindi. Pepo zenye unyevu huvuma kutoka baharini, hugonga miteremko ya mashariki, hupanda, hupoa na kuacha mvua. Hata ukame ulipoikumba Afrika katika enzi za kale na misitu ya bara ikageuka kuwa mbuga, vilele vya tao viliendelea kunyeshewa. Misitu ikasalia humo kama visiwa katikati ya bahari ya nyika. Viumbe walionaswa katika visiwa hivyo waliishi kwa kutengana, wakabadilika kila jamii kwa njia yake, na leo mamia ya mimea na wanyama wa Tao la Mashariki hawapatikani penginepo popote.

Mifano ni mingi. Mwaka 1892 Walter von Saint Paul-Illaire, afisa wa Kijerumani, alipeleka Ulaya mbegu za ua dogo la rangi ya urujuani kutoka Usambara. Wazao wa ua hilo hupandwa leo katika vyungu vya madirishani duniani kote, na wengi wanaolimwagilia maji hawajui lilikotoka. Katika msitu wa Udzungwa na katika Mlima Rungwe, watafiti walimwona tumbili ambaye mwaka 2005 alitangazwa kuwa mpya kwa sayansi. Hakuwa mpya kwa Wanyakyusa. Wao walikuwa na jina lake, kipunji, na masimulizi yao ndiyo yaliyowafungua watafiti macho. Hapa lugha ilitangulia, sayansi ikafuata.

Kando ya nasaba hizi mbili ipo Milima ya Livingstone, ambayo pia huhesabiwa katika safu ya Kipengere, makazi ya Wakinga na majirani zao. Ukuta wake huporomoka hadi maji ya Ziwa Nyasa. Milima hii nayo ni ya miamba ya kale iliyoinuliwa na nyufa, ila volkano za Rungwe zimeisogelea na kuimwagia majivu. Uwanda wa Kitulo ulio juu yake, ambao wenyeji huuita Bustani ya Mungu kwa wingi wa maua yake, ulifanywa mbuga ya taifa mwaka 2005. Huko kusini nasaba mbili zilizoonekana zikitazamana pale Taveta hukutana bayana.

4.0 Ushahidi wa Majina

Mwanafunzi wa Kiswahili hana budi kujiuliza kwa nini mlima mrefu kuliko yote Afrika huitwa kwa jina lenye umbo la udogo. Katika Kiswahili, kiambishi ki- kikitiwa mahali pa m- hudunisha: mlima ni mkubwa, kilima ni mdogo. Nusu ya kwanza ya jina Kilimanjaro inafanana na neno kilima, na nusu ya pili, njaro, imewashughulisha wataalamu kwa zaidi ya karne moja na nusu. Wako waliolihusisha na weupe au mng'ao, wako waliolihusisha na misafara, na wako waliotafuta asili ya jina zima katika Kichaga ili kuonyesha kwamba ki- hiyo si ya udogo kamwe. Hakuna maelezo yaliyokubaliwa na wote. Lililo wazi ni kwamba jina hili lilienezwa na watu waliouona mlima kutoka mbali, hasa misafara ya pwani. Johannes Rebmann, mmisionari aliyekuwa na makao Rabai karibu na Mombasa, aliandika kwamba aliuona mlima huo ukiwa na theluji mwezi Mei mwaka 1848, na baadhi ya wanajiografia wa Uingereza wakamkejeli kwa kusema kuwa theluji karibu na ikweta ni muhali. Wachaga walioishi miteremkoni hawakuwa na jina moja la mlima mzima. Walikuwa na Kibo na Mawenzi, kwa kuwa aliye karibu huona vilele viwili, na aliye mbali huona mlima mmoja.

Majina ya nasaba ya moto katika kaskazini mara nyingi yametoka Kimaasai. Ol doinyo ni mlima, na Lengai ni wa Mungu. Kwa hiyo asemaye Mlima Ol Doinyo Lengai amesema mlima mara mbili bila kujua, kama afanyavyo Mkenya asemaye Mlima wa Ol Donyo Sabuk. Majina haya huusifu mlima wenyewe: utakatifu wake, ukubwa wake, umbo lake.

Majina ya nasaba ya kale yamejengwa kwa namna nyingine. Upare, Usambara, Uluguru, Ukaguru na Udzungwa yote yanaanza kwa kiambishi u-, kile kinachotaja nchi ya watu fulani, kama katika Uganda na Unyamwezi. Haya si majina ya vilele. Ni majina ya makazi. Usambara ni nchi ya Washambaa, jina lililopindika kidogo katika vinywa vya wageni, na Uluguru ni nchi ya Waluguru. Waluguru nao, kwa asili ya jina lao, ni watu wa mlimani, kwa kuwa katika lugha yao mzizi huo unahusiana na mlima. Watu wameitwa kwa mlima, na mlima ukaitwa kwa watu. Katika nasaba ya moto, jina humwambia msikilizaji jinsi mlima unavyoonekana. Katika nasaba ya kale, jina humwambia nani anaishi humo.

Majina hubadilishwa pia na wenye nguvu. Mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa mwaka 1886 ulichora mpaka uliopindwa ili Kilimanjaro ubaki upande wa Wajerumani. Ile hadithi kwamba Malkia Victoria aliutoa mlima kuwa zawadi ya siku ya kuzaliwa kwa jamaa yake ni ngano tu. Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walipofika kileleni tarehe 6 Oktoba 1889, Meyer alikipa kilele cha Kibo jina la mfalme wa Ujerumani. Usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961, Luteni Alexander Nyirenda alisimamisha bendera ya Tanganyika na kuweka mwenge hapo hapo, na kilele kikaitwa Uhuru. Jina la Livingstone kule kusini halikubadilishwa. Tofauti hiyo yafaa kutafakariwa: kilele kinachoonekana na ulimwengu kilipewa jina jipya, lakini ukuta wa mbali juu ya Ziwa Nyasa uliachwa na jina la mgeni.

5.0 Milima na Maji

Swali la thamani hujibiwa vyema na mito. Watu wengi hudhani kwamba mito ya Kilimanjaro hulishwa na barafu ya kileleni. Utafiti haukubaliani na dhana hiyo. Barafu huchangia sehemu ndogo sana ya maji ya mlima. Sehemu kubwa hutokana na mvua na ukungu unaonaswa na msitu uliouzunguka mlima chini ya barafu hiyo. Mwaka 1912 barafu ya Kilimanjaro ilikuwa na eneo la kilomita za mraba 12 hivi. Kufikia mwaka 2007 asilimia 85 ya eneo hilo ilikuwa imetoweka. Picha za upotevu huo zimesambaa duniani na kuhuzunisha wengi, na ni haki. Moto uliozuka katika mteremko wa mlima mwezi Oktoba mwaka 2020 ulitangazwa kwa siku chache kisha ukasahaulika. Kwa mkulima wa mifereji ya Uchagani na kwa mabwawa ya umeme ya Mto Pangani, msitu uungua­po hasara ni kubwa kuliko barafu iyeyukapo.

Ikiwa hali ni hiyo kwa mlima wenye barafu, sembuse milima ya nasaba ya kale ambayo haina kitu kingine isipokuwa msitu wake. Mto Ruvu hupata maji yake mengi kutoka Uluguru, nao ndio tegemeo kuu la jiji la Dar es Salaam. Kina cha mto huo kilipopungua mwishoni mwa mwaka 2022, jiji liliingia katika mgao wa maji. Mto Sigi huteremka kutoka misitu ya Amani katika Usambara Mashariki na kuinywesha Tanga. Mto Kilombero, unaolishwa na miteremko ya Udzungwa na nyanda za juu za kusini, huchangia zaidi ya nusu ya maji ya Rufiji, na juu ya Rufiji limejengwa Bwawa la Julius Nyerere, ambalo lilianza kuzalisha umeme mwaka 2024. Kwa hiyo mkazi wa Dar es Salaam afunguaye bomba na kuwasha taa anaitegemea milima ambayo pengine hajawahi kuisikia ikitajwa katika nyimbo za sifa za taifa.

Kisa cha Kihansi kinaonyesha jinsi mambo haya yanavyofungamana na yanavyogongana. Katika Udzungwa, Mto Kihansi huporomoka takribani mita 850. Mwaka 1996, ujenzi wa mradi wa umeme ukiwa umekwisha kuanza, watafiti waligundua penye manyunyu ya maporomoko hayo chura mdogo wa rangi ya dhahabu, mfupi kuliko kidole gumba, ambaye hatagi mayai majini bali huzaa watoto hai. Aliishi katika hekta chache tu, na hapakuwa na mahali pengine duniani alipojulikana kuwapo. Maji yalipoelekezwa kwenye mitambo, manyunyu yakapungua. Mifumo ya kunyunyizia maji ilitandazwa ili kumwokoa, lakini mwaka 2003 idadi ya vyura iliporomoka ghafla, na mwaka 2009 akatangazwa kuwa ametoweka porini. Alinusurika kwa kuwa baadhi walikuwa wamepelekwa Marekani kufugwa, na mwaka 2012 wazao wao wakaanza kurudishwa Kihansi. Mradi huo wa megawati 180 ulihitajika, na hakuna anayeweza kumwambia mwananchi akae gizani. Lakini kisa hiki kinafunza kwamba katika milima ya kale, hata hatua moja ya mteremko inaweza kubeba kiumbe kizima.

6.0 Binadamu Mlimani

Milima ya Tanzania haikuachiwa tumbili na vyura. Rutuba na mvua zimevutia watu kwa karne nyingi, na leo miteremko ya Kilimanjaro, Usambara, Uluguru na Rungwe ni miongoni mwa sehemu za mashambani zenye watu wengi zaidi nchini. Wanaozungumzia uhifadhi wa milima bila kuwataja wakazi wake hurudia kosa la kale.

Kosa hilo lilidhihirika Uluguru. Katika miaka ya 1950 serikali ya kikoloni iliwalazimisha Waluguru kuchimba matuta ya ngazi ili kuzuia mmomonyoko. Lengo lilikuwa jema kwa maneno. Lakini udongo wa miteremko hiyo una tabaka jembamba la rutuba, na uchimbaji ulifukia udongo mzuri na kuibua uliochoka. Kazi ilikuwa nzito na mavuno haba. Mwezi Julai mwaka 1955 wananchi waliandamana, ghasia zikazuka, mtu mmoja akauawa kwa risasi, na mpango ukavunjika. Kusini, katika milima ya Umatengo, hali ilikuwa tofauti. Wamatengo walikuwa tayari na kilimo chao cha ngoro, ambapo mkulima hulaza majani katika mistari inayokatana, huyafunika kwa udongo, na kuacha vishimo katikati. Mvua inyeshapo, maji hutulia vishimoni badala ya kuukokota udongo. Kilimo hicho kimedumu kwa vizazi, kwa sababu kilibuniwa na wanaoujua mteremko wenyewe.

Mlima usipoeleweka, hutoa adhabu. Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, sehemu ya mteremko wa Mlima Hanang uliojaa maji ilimeguka, na tope, mawe na magogo vikaufunika mji wa Katesh na vijiji vya karibu. Watu zaidi ya 80 walipoteza maisha. Hapakuwa na moto wala lava. Ilikuwa mvua na udongo wa volkano ya kale, mambo mawili ambayo wanafunzi hufundishwa kuwa ni baraka za mlima.

7.0 Hitimisho

Makala haya yameeleza kwamba milima mashuhuri ya Tanzania ni ya nasaba mbili, changa na kongwe, na kwamba nasaba hizo hutofautiana kwa asili, kwa kimo, kwa viumbe na kwa majina. Volkano zimeipa nchi vilele vyake virefu na bendera yake mahali pa kusimama. Tao la Mashariki limeipa maji, umeme na hazina ya viumbe isiyo na badala. Tao hilo halikomei Tanzania. Mwanzo wake uko Taita, na kila mti ukatwao Vuria ni wa familia ile ile ya Usambara na Udzungwa.

Kwa mwalimu na mwanafunzi wa Kiswahili, jambo hili lina uzito wa pekee. Msamiati wa milima unaofundishwa darasani ukiwa ni kilele, theluji na urefu pekee, mwanafunzi atamaliza masomo akiujua mlima asiotegemea na asiujue ule anaounywa. Majina yenye u- yamekuwa yakisema tangu zamani kwamba mlima ni nchi, na nchi ni watu. Milima haikutani, ndivyo isemavyo methali. Lakini ikiachwa wazi bila msitu, itakutana na watu chini bondeni, kama ilivyokutana nao Katesh.